Mandhari Haiji Yenyewe: Akili Unde na Kazi Tusiyoiona katika Filamu za Kusini

Tangu kampuni ya Marekani ya OpenAI ilipoonesha Sora, programu yake ya akili unde inayotengeneza video kutokana na maandishi, Februari 2024, mazungumzo ya vijana wanaotengeneza filamu Mtwara na Lindi yamebadilika. Zamani walilalamikia kamera. Siku hizi kijana anatoa simu na kukuonesha picha ya mji wa pwani wenye majahazi na milango ya nakshi, iliyotengenezwa kwa sentensi mbili alizoandika akiwa juu ya bodaboda. Hitimisho linalofuata huwa moja: kwamba kazi ya kubuni mandhari ya filamu, ambayo huku kwetu haijawahi hata kushika mizizi, imekufa kabla ya kuzaliwa, na kijana wa Shangani au wa Mtanda anayetamani kuifanya anapoteza muda wake. Naona hitimisho hilo linatokana na kutoielewa kazi yenyewe. Mbunifu wa mandhari halipwi kwa kuchora picha nzuri. Analipwa kwa kuamua, kabla kamera haijawashwa, kipi kijengwe, kipi kiazimwe, kipi kifichwe, na kila kimoja kitagharimu nini. Katika mikoa yetu miwili, ambayo mafundi wake tayari wana nusu ya ujuzi huo mikononi, picha za kompyuta zinaongeza haja ya kuwa na mtu huyo.

Sehemu ya mkanganyiko inatoka kwenye neno lenyewe. Kwa wengi wetu mandhari ni kile unachokiona ukisimama juu ya kilima cha Mikindani: ghuba, minazi, mitumbwi iliyolala matopeni maji yakipwa. Aliyesoma fasihi sekondari anaijua maana ya pili, yaani mahali na wakati ambamo kisa kinatokea pamoja na hali ya maisha ya wanaoishi humo. Kazi ninayoizungumzia inahusu maana hii ya pili, ilhali matumaini yetu yote tumeyaweka kwenye ile ya kwanza. Tangu filamu ya Royal Tour ilipozinduliwa 2022, imekuwa kawaida kusikia kwamba kusini tuna fukwe, tuna magofu, tuna miji ya kale, basi watengeneza filamu waje. Ile ilikuwa filamu ya utalii, na filamu ya utalii huonesha mahali kama palivyo leo. Uzuri wa mahali ndio kisa chake. Filamu ya kisa inataka kitu kigumu zaidi, kwani inataka mahali pawe pa mtu fulani, katika mwaka fulani, mwenye deni fulani na hofu fulani. Ghuba ya Mikindani haiwezi kufanya hivyo peke yake, hata jua likizama vizuri namna gani.

Historia ya cheo hiki cha mbunifu wa mandhari, kwa Kiingereza production designer, inasaidia kuliona jambo hilo. Kwa maana tunayoijua leo, kilianza na filamu ya Gone with the Wind ya 1939, pale mtayarishaji David O. Selznick alipompa William Cameron Menzies cheo ambacho wachoraji wa mandhari waliomtangulia hawakuwa wamekipata. Selznick hakusukumwa na mapenzi ya michoro. Alikuwa na riwaya kubwa mkononi na gharama zilizokuwa zikipanda, akataka filamu yote ichorwe karibu pembe kwa pembe kabla ya kupigwa picha ya kwanza, ili fedha zisipotelee kwenye seti zisizoonekana na siku za kusubiriana. Mfano unaofahamika zaidi ni moto wa mji wa Atlanta. Uwanja wa studio ulikuwa umejaa seti za filamu za zamani ambazo zilipaswa kuondolewa ili kupisha ujenzi mpya. Badala ya kulipwa watu wazibomoe, ziliwekewa nyuso za bandia zikafanana na majengo ya Atlanta, na usiku wa 10 Desemba 1938 zikachomwa mbele ya kamera, kabla hata mwigizaji mkuu wa kike hajapatikana. Uwanja ukawa wazi, na filamu ikapata tukio ambalo watu wanalikumbuka mpaka leo. Kwangu mimi usiku ule unaieleza kazi hii vizuri kuliko tuzo za Oscar, ambazo zenyewe zilichelewa hadi 2012 kuliandika jina la cheo hicho kwenye kipengele chake.

Kwa utaratibu wake, mbunifu huingia kazini mapema, wiki kadhaa na pengine miezi kabla ya waigizaji kufika. Anaanza na skripti, anaipasua tukio kwa tukio: ni ndani au nje, mchana au usiku, mwaka gani, nani anaishi hapo, kipato chake ni kipi, mkono wake unagusa nini. Kutokana na uchambuzi huo anapata orodha ya mahali panapohitajika, na kwa kila mahali anaamua kama patajengwa, patatafutwa, au patatafutwa kisha parekebishwe. Anafanya utafiti, anachora ramani zenye vipimo, anachagua rangi kwa kushauriana na dairekta na mpigapicha, kwa kuwa ukuta mweupe chini ya jua la saa sita la Lindi ni adhabu kwa kamera yoyote. Katika filamu kubwa anakuwa na kikosi kizima chini yake: msimamizi wa sanaa anayegeuza michoro kuwa ratiba na hesabu, mpambaji wa seti anayeshughulika na samani, mapazia na vyombo, mtu wa propsi anayetunza kila kitu kinachoshikwa na mwigizaji, halafu maseremala, waashi na wapakarangi. Ujuzi wa hawa wa mwisho ambao ni adimu kuliko wote ni kuzeesha, yaani kuufanya mlango uliotengenezwa Jumatatu uonekane umepigwa na upepo wa kusi kwa miaka 60. Wengi hufika kwenye cheo kwa kupanda ngazi hizo moja baada ya nyingine, wakianza na kubeba viti. Wengine wametoka pembeni: Ken Adam, mbunifu wa filamu za James Bond, alisomea usanifu majengo London, na Hannah Beachler, nitakayemrudia, alianzia kwenye ubunifu wa mitindo ya mavazi.

Nimewahi kuona kinachotokea mtu huyo asipokuwapo. Kikundi kimoja kilichoniomba nisaidie lugha ya skripti kilikuja Mikindani kupiga kisa cha mwishoni mwa miaka ya 1940, wakati Waingereza walipokuwa wakijenga bandari ya Mtwara na reli ya kwenda Nachingwea kwa ajili ya mradi wao wa karanga. Kazi ya mandhari ilikuwa imegawiwa kila mtu, maana yake haikuwa ya mtu. Siku mbili zilipigwa, na kila mmoja akaridhika. Walipoketi jioni kutazama, nyuma ya bega la mhusika mkuu ilionekana mita ya LUKU, na kwenye tukio la uani paa la jirani lilikuwa la bati la msauzi, tena jekundu. Walikuwa wamelipa mafuta, chakula na malazi, wamesafiri zaidi ya kilomita 500 kutoka Dar es Salaam, kwa matukio ambayo hayakutumika. Kipande cha mkeka na kamba vingetosha kuokoa lile la kwanza, na la pili lingeokolewa kwa kuisogeza kamera hatua tatu, lakini sharti awepo mtu ambaye analipwa kwa ajili ya kuona.

Wapo wanaosema kwamba makosa ya namna hiyo sasa yatafutwa na kompyuta, na kwamba hata huo uani hautahitajika. Hawa si watu wa kupuuzwa. Siku chache baada ya Sora kuoneshwa, Tyler Perry, mmoja wa watayarishaji wakubwa wa Marekani, alisimamisha upanuzi wa studio zake uliotarajiwa kugharimu dola milioni 800, akieleza kwamba programu za aina hiyo zinaweza kumwondolea haja ya kusafiri kwenda lokesheni au kujenga seti. (Studio hizo ziko Atlanta, mji uleule wa moto wa Selznick, ingawa safari hii hakuna kilichochomwa.) Ikiwa mwenye mtaji wa kiasi hicho anasita, kwa nini kijana wa Newala asisite? Sehemu ya hoja hii naikubali bila kigugumizi. Mchoraji anayelipwa kwa kila mchoro wa awali atapungukiwa kazi, na huenda amekwisha kupungukiwa. Mambo ya mbali, kama vile anga, milima, au safu ya majahazi kwenye upeo wa macho, ambayo zamani yalichorwa kwenye kioo, yatatengenezwa na kompyuta, na kwa prodyuza wa Lindi hiyo ni neema tupu, maana hakuna bajeti ya filamu ya Kiswahili itakayounda majahazi 20 ili yaonekane kwa sekunde nne.

Hata hivyo, hoja hiyo inadhani kwamba mashine inaijua nchi inayoichora. Nimeijaribu programu moja kwa kuiomba Mikindani ya 1895, mwaka ambao Wajerumani walijenga boma lao pale. Ilinipa milango yenye miiba ya shaba kama ya Unguja, matao ya Moroko, barabara ya mawe kama ya Ulaya, na ngamia mmoja ambaye sijui alifikaje. Picha ilikuwa nzuri sana, na mtu asiyekaa hapa angeipokea kwa mikono miwili. Tatizo ni kwamba mashine hula ilicholishwa, na ilicholishwa kuhusu pwani ya Waswahili ni Zanzibar na Lamu kwa wingi, kisha chochote chenye jua na kuta nyeupe. Ukiiomba nyumba ya mkulima wa Tandahimba wa miaka ya 1950 mambo yanakuwa mabaya zaidi. Haijui fito zilivyofungwa, haijui jiko lilikaa upande gani, haijui kwamba mwanamke wa Kimakonde wa umri fulani angekuwa na ndonya na chale na binti yake asiwe nazo, wala haijui kwamba vinyago vya midimu, vinavyovaliwa katika ngoma, haviwekwi sebuleni kama mapambo ya hoteli. Jambo hili la mwisho si la usahihi tu, ni la adabu pia. Yapo mambo ya jando na unyago ambayo wenyewe hawataki yaoneshwe, na mtu wa kulijua hilo, kwenda kuzungumza na wazee, akarudi na jibu kwamba hiki kinaruhusiwa na kile hapana, ni mbunifu.

Hapo ndipo mfano wa Hannah Beachler unapoingia. Mwaka 2019 alikuwa mtu mweusi wa kwanza kupata tuzo ya Oscar ya ubunifu wa mandhari, kwa filamu ya Black Panther, ambayo nchi yake ni ya kubuni na picha zake nyingi ni za kompyuta. Kwa mantiki ya vijana wetu, filamu ya namna hiyo ndiyo ingepaswa kumhitaji mbunifu kidogo kuliko zote. Ilikuwa kinyume chake. Beachler aliandaa kitabu cha mwongozo cha kurasa takribani 500 kinachoeleza nchi hiyo, watu wake, majengo yake na historia yake, kwa kuchota kutoka tamaduni halisi za Afrika. Pale ambapo jambo lolote linaweza kuchorwa, lazima awepo anayeamua ni lipi lichorwe, vinginevyo kila fundi wa picha anachora nchi yake. Kompyuta haikuiondoa kazi hiyo mwaka ule, na sioni sababu kwa nini kompyuta yenye kasi zaidi iiondoe sasa.

Hoja nyepesi kuliko zote, ingawa ndiyo inayosemwa kwa sauti kubwa, ni kwamba mtazamaji wetu hajali; yeye anafuata kisa na sura za waigizaji anaowapenda. Anayesema hivyo hajaketi kwenye kibanda umiza siku watazamaji wanapooneshwa mjane fukara anayelala kwenye nyumba ya vigae yenye sofa la ngozi, au mkulima wa korosho anayetoka shambani na viatu vyeupe. Kinachosikika ni kicheko. Ni kweli mtazamaji hatasema kwamba ubunifu wa mandhari ni dhaifu, kwa kuwa hana istilahi hiyo na haihitaji. Atasema filamu ni ya uongo, na wiki ijayo ataangalia tamthilia ya Kituruki iliyotiwa sauti ya Kiswahili, ambayo watu wake maskini wana vyombo vya watu maskini.

Hoja ya fedha ina uzito zaidi, nami sitaki kuipita haraka. Filamu zetu nyingi hupigwa kwa siku chache ndani ya nyumba za kuazima, na prodyuza anayehangaikia nauli ya waigizaji ana haki ya kuuliza kwa nini aongeze jina jingine kwenye orodha ya malipo. Kwa kisa cha leo kinachotokea sebuleni mwa mtu wa kipato cha kati, jibu langu ni kwamba pengine asiongeze. Mpambaji mzuri na mtu makini wa propsi watatosha. Lakini visa ambavyo kusini inaweza kuvisimulia kuliko mahali pengine popote si vya sebuleni. Ni Kilwa iliyotembelewa na Ibn Battuta mwaka 1331. Ni Maji Maji ya 1905. Ni wachimbaji wa Tendaguru walioanza 1909 kubeba kichwani, kwa miguu hadi Lindi, mifupa ya mijusi wakubwa ambayo leo imesimama kwenye jumba la makumbusho Berlin. Ni reli ya karanga iliyojengwa kisha ikang'olewa. Kwa visa vya aina hii, mbunifu ni gharama ya kwanza kulipwa, maana kila uamuzi wake unazuia gharama nyingine. Katika filamu ndogo mtu huyo atakuwa peke yake na wasaidizi wawili, atachora, atanunua na atapaka rangi. Hivyo ndivyo wabunifu wengi duniani walivyoanza.

Chukua Kilwa. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yako kwenye orodha ya Urithi wa Dunia tangu 1981, na kati ya 2004 na 2014 yalikuwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Yanalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964, na hakuna mwenye akili timamu atakayeruhusu kikosi cha filamu kupigilia misumari kwenye kuta za jumba la Husuni Kubwa, au kuzipaka chokaa zifanane na zilivyokuwa enzi za sultani wake. Kwa hiyo yule anayesema kwamba magofu yenyewe yanatosha anakosea mara mbili: magofu yanaonesha mwisho wa jumba, wakati kisa kinahitaji jumba likiwa hai, na kulihuisha palepale ni marufuku. Inabidi kipande cha ukuta kijengwe kando, kwa plaiwudi, jipsamu na chokaa, kiwe na vinyweleo vya matumbawe vinavyoaminika hata mwigizaji akikiegemea, na hapo juu ndipo kompyuta iongeze kuba na ghorofa. Anayejua matumbawe yanavyoonekana yakila chumvi ni mwashi wa Kilwa Masoko au wa Kivinje. Kusini nzima imejaa watu wa aina hiyo: waezekaji wa makuti, mafundi majahazi, wachongaji wa mpingo, wasusi wa mikeka wanaoweza kukuambia kwa kugusa tu kama ukili ni wa mwaka huu. Kinachokosekana ni mtu wa kuwapa mchoro wenye vipimo, bei inayoeleweka na tarehe. Tarehe nayo ina hesabu yake huku: anayetafuta waezekaji msimu wa korosho, fedha zikiwa mikononi mwa watu, ajiandae kulipa zaidi au kusubiri.

Ikiwa haya ni sahihi, basi swali la mafunzo linabadilika. Vijana wanahimizwa kujifunza programu za picha, na wajifunze, ila programu hizo zitabadilika kila mwaka na hazitawatofautisha na kijana wa Manila au Lagos mwenye simu ileile. Kitakachowatofautisha ni uwezo wa kusoma skripti, kupima chumba, kukadiria mbao na kuzungumza na fundi kwa lugha yake. Kijana wa Nachingwea anayesomea useremala VETA na mwenzake anayekwenda TaSUBa, chuo cha sanaa cha Bagamoyo, kusomea sanaa za maonyesho wana kila mmoja nusu ya kazi hii, na hawakutani. Vikundi vya filamu vya Mtwara na Lindi vinaweza kuwakutanisha bila kusubiri mtaala mpya, kwa kuanza kuandika cheo hicho kwenye mikataba yao na kwenye majina ya mwisho wa filamu, badala ya kumwita kila anayebeba kiti msaidizi. Mtu ambaye jina lake halikuandikwa popote hana cha kumwonesha mwajiri anayefuata, na taaluma ambayo watu wake hawana cha kuonesha haikui.

Kwa anayetaka kuanza leo, ipo kazi ambayo haisubiri filamu wala mfadhili. Mikindani na Lindi mjini bado kuna nyumba za mawe zenye milango, madirisha na baraza ambazo hazijapimwa kwa ajili ya matumizi ya aina hii. Kijana akitembea na mwenzake, na futi ya kupimia, daftari na ruhusa ya wenye nyumba, akapima milango 30, akaipiga picha kwa mbele, kwa ubavu na kwa karibu, akaandika ni ya mti gani, bawaba zake zikoje na rangi iliyo chini ya rangi ni ipi, atakuwa na jalada la kazi ambalo dairekta wa Dar es Salaam hatalipata kwa kuandika sentensi mbili kwenye simu. Akipenda, ailishe na kompyuta. Ila asingoje sana, kwa sababu mvua huku huanza kushika Desemba, na baadhi ya kuta nilizoziona mwaka jana zimekwisha kuinama upande wa barabara.